Kisu Hakigusi Donge la Hulda

Hadithi hii ina chumvi, kama donge lolote la viazi. Asiyetaka chumvi na anywe maji lilimochemshiwa.

Kijiji cha Eschenlauter kipo juu kwenye milima ya Thuringia, pale ambapo theluji huaga mwezi wa tatu, ikakumbuka ilichosahau, ikarudi mwezi wa nne. Watu wake wana kazi mbili tu. Jumatatu mpaka Jumamosi wanatengeneza vichwa vya wanasesere. Jumapili wanakula madonge.

Hulda Knauer alizijua kazi zote mbili. Mumewe Reinhold alikwenda vitani, ikarudi saa yake ya mfukoni bila yeye, na tangu siku hiyo Hulda alikaa dirishani na brashi yenye nywele tatu, akiwapaka wanasesere nyusi na midomo. Alikuwa na mkono mtulivu. Wasemao wanasema nzi akitua kwenye meza yake alikuwa anaondoka amepakwa midomo.

Vichwa vyenyewe vililetwa na jirani yake, Albin Eichhorn, mjane kama yeye, mzee wa maneno machache na sharubu nyingi. Albin aliloweka karatasi chakavu, akaziponda na gundi na chokaa, akaushindilia ujiuji ule ndani ya kalibu, akatoa kichwa. Kabla hakijakauka alikigeuza na kukigonga muhuri wa chuma kisogoni: thelathini na saba ndani ya duara. Kila nyumba ilikuwa na namba yake, ili tajiri wa mjini ajue kichwa kilichopasuka amlaumu nani. Watoto wa Eschenlauter walizijua namba za majirani kabla ya kujua herufi. Na Albin alikuwa amegonga yake kwa miaka thelathini, hata mkono ukawa hauulizi tena. Watu waligundua siku ya harusi yake kwamba mkate wa harusi ulikuwa na thelathini na saba chini. Marehemu mkewe alisema afadhali mkate, maana usiku ule aliuficha muhuri kwanza ndipo akalala.

Sasa madonge. Hulda alikwaruza viazi vibichi ndani ya maji, akavikamua kwenye mfuko wa kitani mpaka mfuko ukalia. Wanga uliotua chini ya beseni aliurudisha, hakupoteza hata kijiko. Viazi vingine alivichemsha, akaviponda kuwa uji unaotokota, akaumwaga juu ya vile vibichi na kupiga kwa mwiko kama mtu anayemwamsha mlevi. Kisha mikono ndani ya maji baridi, donge kubwa kama ngumi ya mhunzi, na katikati ya donge vipande vitatu vya mkate vilivyokaangwa kwa siagi. Likafungwa, likaviringishwa, likaingia kwenye maji ya moto yasiyochemka. Likielea, limeiva. Madonge yake yalikuwa mepesi. Siku moja alisahau kufunika sufuria dirisha likiwa wazi, na madonge mawili yakaja kuokotwa kwenye paa la mchungaji.

Donge la namna hiyo huchanwa kwa uma mbili. Kisu kipo mezani, lakini ni cha nyama. Mtu akitia kisu kwenye donge amemwambia mpishi mbele ya watu kwamba amepika jiwe. Kuna kijana wa mabondeni aliyekuja kuposa Eschenlauter, akakata donge kwa kisu mezani kwa mama mkwe wake mtarajiwa. Harusi ilisogezwa mbele miaka miwili, na hata siku yenyewe mama mkwe alivaa nyeusi.

Kila mwezi wa kumi, kwenye sikukuu ya kanisa, kijiji kizima kilikula kutoka sufuria moja ya shaba, ambayo mtu mzima angeweza kuoga ndani yake. Sufuria hiyo ilikaa nyumbani kwa mwanamke anayepika. Ilikaa kwa mama yake Hulda hadi alipokufa, kisha ikakaa kwa Hulda miaka kumi na mmoja. Harusi, ubatizo, matanga, watu walimwita mwenye sufuria. Bila sufuria, Hulda alikuwa mjane wa nyusi na midomo tu, na macho yake yalikuwa yameanza kuchoka. Hilo hakumwambia mtu, lakini kila alipopita jikoni aliigonga kidogo kwa kidole, ikamwitikia.

Aliyeitamani sufuria ile alikuwa Meta Luthardt, mke wa mwenye nyumba ya wageni. Meta alikuwa na majiko mawili, jiko la tatu moyoni, na ulimi usiopoa.

"Kila mwaka," alikuwa akisema kisimani, "meza zangu, viti vyangu, ukumbi wangu. Sufuria tu ndiyo inakuja kama malkia kutoka kwenye kijumba cha kuku."

"Kuku wangu wanataga, Meta," Hulda alimjibu. "Majiko yako yanatoa moshi."

Mwaka wa elfu moja mia tisa ishirini na sita, mwezi wa tano, gari kutoka Berlin lilipanda mlima, likavutwa mara nne na ng'ombe wa watu, likasimama mbele ya nyumba ya wageni. Ndani walikuwamo watu wa sinema. Mkubwa wao aliitwa Bwana Tessmer, mwembamba, kofia nyuma ya kichwa, anaongea kama anafukuzwa. Pamoja naye alikuwamo mchekeshaji Zobel, mtu mnene mwenye macho ya huzuni, aliyekuwa hajawahi kukataa chakula tangu azaliwe.

Tessmer aliwaeleza wanakijiji jambo lake ukumbini. Anataka kupiga picha fupi ya kuchekesha. Profesa kutoka mjini anakuja milimani, anapewa donge, analifungua, anakuta mkate ndani. Anageuza donge, hakuna mlango, hakuna mshono. Mkate umeingiaje? Hapo profesa anapoteza akili. Anaita polisi, anaita zimamoto, anamwita daktari alipime donge mapigo.

Watu walitazamana.

"Si unatiwa kabla ya kufunga?" aliuliza mzee mmoja.

"Sisi tunajua," akasema Tessmer. "Profesa hajui."

"Profesa gani huyo? Amesomea wapi?"

Tessmer alipangusa paji la uso, akauliza mpishi bora wa madonge ni nani. Meta alifungua kinywa, lakini ukumbi mzima ulikuwa umeshasema, "Hulda." Chema chajiuza.

Siku ya pili asubuhi Hulda alibeba sufuria ya shaba mpaka uani pa nyumba ya wageni, maana mashine ya picha ilitaka jua. Viazi vilikuwa vya mwaka uliopita, vimeanza kuchipua macho, lakini ndivyo vizuri. Kiazi kipya hakijui kazi. Alipika madonge thelathini na mawili. Zobel alikaa mezani na miwani ya profesa. Tessmer akapiga kelele, mpiga picha akazungusha mkono wa mashine, na Zobel akachukua kisu.

"Weka chini!"

Mashine ilisimama. Hulda alikuwa ameshafika mezani, mwiko mkononi.

"Bi Hulda," Tessmer alisema, "tumo kazini."

"Na mimi nimo kazini. Hicho ni kisu."

"Najua ni kisu."

"Basi mwambie akitie kwenye nyama. Donge langu halijamkosea."

Wanawake waliosimama kando ya ukuta wa ua walisogea wasikie. Meta alikuwa mlangoni kwake, mikono chini ya aproni, amechangamka kama siku ya gulio.

"Mama yangu," akasema Tessmer kwa upole wa kununua, "akitumia uma linachanika, mvuke unapanda, mkate unaanguka, sioni kitu. Mimi nataka likatwe mara moja, nusu kwa nusu, mkate uonekane umelala katikati kama kito. Watu wa Berlin hawajui mambo yenu ya kisu."

"Watu wa Eschenlauter wanajua. Picha hii haitafika huku?"

"Itafika kila mahali!"

"Ndiyo hiyo sasa."

Walibishana mpaka jua likasogea. Mwisho Hulda alimtazama Zobel, akatazama sufuria, akaona jambo. Akarudi nyuma hatua tatu.

"Haya, kata. Kama unaweza."

Zobel alikata. Kisu kiligusa donge, donge likalala. Likaenea sahanini taratibu, kama theluji ya mwezi wa nne, na mkate ukabaki katikati umekaa kama matopeni.

"Lingine!" Tessmer alisema.

La pili lilikwenda njia ya la kwanza. La tatu halikungoja kisu lifike. Na Zobel, kwa kuwa kutupa chakula ni dhambi, alikula kila lililoanguka, pamoja na mchuzi. Kufikia adhuhuri alikuwa amekula thelathini na moja. Wengine husema thelathini na mawili, lakini hilo moja liliibwa na mbwa. Waliileta toroli ya kubebea mbolea wakamtembeza kidogo ili chakula kishuke.

"Bi Hulda," alisema Zobel akiwa torolini, machozi yakimlenga, "nimekula kwa wafalme wawili na kwa mama yangu. Hawakufikia hapa."

"Umesikia?" Hulda aliwaambia wanawake ukutani.

Tessmer hakusikia. Alikuwa anavuta nywele zake. "Tia unga wa ngano," alisema. "Tia yai. Tia chochote! Nataka donge gumu!"

Neno hilo lilisikika mpaka kijiji cha pili. Hulda alifungua aproni yake, akaikunja mara nne, akaiweka juu ya sufuria.

"Unga," alisema. "Kwenye donge langu."

Akaibeba sufuria akaenda zake, na hakugeuka.

Tessmer alikaa kwenye ngazi za nyumba ya wageni akila kucha. Kutoka hapo aliona vichwa mia mbili vya wanasesere vimepangwa kwenye mbao za Albin vikikauka juani, vya mviringo, vyeupe, bado havina macho. Aliacha kucha zake. Kisha akasimama, akavuka njia.

Yaliyofuata Hulda hakuyaona, maana alikuwa amefunga madirisha na hasira zake. Tessmer alimwomba Albin donge la karatasi na gundi, nusu mbili zilizofungwa kwa gundi laini ili kisu kipite, mkate halisi ndani. Albin alikuna sharubu. Alisema anaweza.

"Lakini mzee wangu, usimwambie mtu," alisema Tessmer. "Mtazamaji akijua si chakula, kicheko kimekufa. Nipe mkono wako."

Albin alimpa mkono. Kwa Albin mkono ukitolewa umetolewa. Jioni hiyo akatengeneza donge, akaligeuza, akalianika nyuma ya nyumba. Asubuhi watu wa Berlin walifunga geti la ua, wakamaliza picha, wakaondoka na gari lao na donge lao, ng'ombe wakilizuia gari kwa nyuma lisiteremke mbio.

Geti lililofungwa lilimtosha Meta.

"Walikata," alisema kisimani siku iyo hiyo. "Kama hawakukata, wangewezaje kumaliza? Madonge yake yaliyobaki yalilala usiku kucha, yakawa mawe, wakakata kama jibini."

"Hayakubaki," Hulda alisema. "Yule mnene aliyamaliza yote. Muulize."

"Nimuulizie wapi? Yuko Berlin."

"Basi ngoja picha ije. Njia ya mwongo ni fupi, Meta."

"Tutaona inakomea mlangoni kwa nani."

Ikawa hivyo. Mwezi wa sita mpaka wa tisa kijiji kilikaa kikingoja picha kama shahidi anayekuja kwa miguu. Mara mbili Hulda alikosa mwaliko wa harusi. "Si kwamba tunaamini," walisema wenye harusi, "lakini tungoje kwanza." Wazee wa kike walioamua mambo ya sikukuu walisema nao watangoja. Picha ingeonyeshwa ukumbini kwa Meta Jumapili moja kabla ya sikukuu, na siku iyo hiyo wangesema sufuria inakaa wapi.

Hulda hakuwa na hofu. Alijua alichokipika. Kilichomsumbua ni Albin. Alikuwa akileta vichwa akiviacha mlangoni bila kubisha, kama mtu anayetupa watoto. Siku moja Hulda alimvizia.

"Albin. Nimekufanyia nini?"

"Hakuna."

"Mbona unanikimbia? Nina upele?"

Albin alitazama vidole vyake vyenye gundi. "Hulda, hiyo sinema," alisema. "Usiende. Inaumiza macho."

"Macho yangu yameshaumia zamani, kwa vichwa vyako. Nitakaa mstari wa mbele. Na wewe utakaa karibu yangu, nionekane nina mtu."

Albin alifungua kinywa. Kisha akautazama mkono wake wa kulia, ule alioutoa, akafunga.

Jumapili ikafika. Baada ya chakula cha mchana watu waliingia ukumbini, madirisha yamezibwa kwa magunia ya viazi, shuka jeupe la Meta limetandikwa ukutani, mumewe Meta na kinanda chake cha mkononi tayari kusindikiza. Mwenye mashine ya kuonyeshea alikuwa mtu wa kuzunguka, kila siku kijiji kipya. Hulda alivaa gauni lake jeusi na bruchi ya mama yake. Albin alikaa kando yake, shati limelowa mgongoni kama amenyeshewa.

Picha ilianza. Zobel akatokea na miwani, watu wakacheka kwa sababu walimfahamu. Akateleza uani, wakacheka kwa sababu waliufahamu ua. "Kuku wangu yule!" mtu alipiga kelele. Kisha ikaja sahani, na juu ya sahani donge, jeupe, la mviringo, zuri kuliko lolote lililowahi kupikwa. Zobel akachukua kisu.

Hulda alitabasamu, akingoja donge lilale.

Kisu kilipita, laini na moja kwa moja, kama kwenye sabuni. Nusu ikaenda huku, nusu ikaenda kule, na mkate ukabaki umelala katikati kama kito.

Hakuna aliyecheka. Kinanda kilikohoa, kikanyamaza. Zilisikika pumzi za wanawake wote wa Eschenlauter zikivutwa ndani kwa pamoja, na magunia ya madirishani yakafuata.

"Yesu wangu," ikasema sauti ya Meta gizani, taratibu, kila neno likipewa kiti chake. "Kisu."

Hulda hakutikisika. Alijikaza kisabuni. Lakini ndani alikuwa anahesabu: viazi vile vile, wanga wote umerudi, uji ulitokota. Sikutia yai. Sikutia unga. Aliona sufuria ikitoka mlangoni kwake imebebwa na watu wawili. Akajiona dirishani na brashi ya nywele tatu, macho yakizidi kuingia ukungu, hakuna Jumapili tena.

"Si langu," alisema. Sauti ilitoka ndogo.

"Lilipikwa na nani, basi?" Meta aliuliza. "Lilijipika?"

Kando yake Albin alisimama. Kiti kilianguka.

"Lile," alisema Albin. Alinyoosha kidole kwenye shuka. "Lile donge..." Akautazama mkono wake wa kulia. Akakaa, bila kiti, hadi chini.

"Mzee amelewa," mtu alisema.

Picha iliendelea, maana picha haina haya. Profesa Zobel sasa alikuwa anautafuta mlango wa donge. Alirudisha nusu mbili pamoja, akaligonga, akalisikiliza. Akatoa mfukoni kioo kikubwa cha kukuzia. Akaligeuza donge juu chini, akaweka kioo pale chini, na Tessmer, kwa werevu wake wote wa Berlin, akasogeza mashine ili kioo kijaze shuka zima la Meta, toka ukingo hadi ukingo.

Na ndani ya kioo, kubwa kama gurudumu la mkokoteni, lilikuwamo duara. Na ndani ya duara, tatu na saba.

Kwa muda ambao mtu anaweza kumeza mate, ukumbi ulisoma.

Kisha bibi mmoja wa miaka themanini, aliyekuwa amelala tangu mwanzo na ndiyo kwanza anafumbua macho, akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Hicho kichwa ni cha Albin."

Ukumbi ulipasuka. Watu walicheka hadi shuka likatikisika na Zobel akaonekana anacheza dansi. Walicheka hadi magunia mawili yakaanguka, jua likaingia, mwenye mashine akapiga kelele kwamba wanamharibia. Mwanamume mmoja aliuma kofia yake. Mchungaji alitoka nje akashika mti.

"Thelathini na saba!"

"Albin, umegonga muhuri donge!"

"Alionje, tajiri wa mjini! Likipasuka anajua amlaumu nani!"

Albin, akiwa bado sakafuni, aliinua mikono yote miwili. "Sikusema neno!" alipiga kelele. "Mmeshuhudia! Nilitoa mkono, na sikusema neno!"

Hulda alimwinamia.

"Miezi mitano, Albin," alisema. "Miezi mitano nimekula chakula kwa kusukumia maji."

"Nilitoa mkono."

"Ungetoa na mguu, ukanikanyaga kidogo nijue."

Wazee wa kike hawakutoka hata nje kuzungumza. Mkubwa wao alipangusa macho kwa kitambaa, akasema sufuria ikae ilipo, na kama kuna mtu ana neno aseme. Watu wakamgeukia Meta. Meta alikuwa anaokota magunia yake.

"Mimi nilisema nini?" alijibu. "Nilisema walikata. Si wamekata?"

Huo ulikuwa ukweli, na Hulda, ambaye hakuwa mchoyo wa ukweli, alimpa.

Mwenye mashine alisimulia baadaye kwamba alizunguka na picha ile majimbo mengi, na kila mahali watu walicheka Zobel alipoanguka kutoka kwenye ngazi ya zimamoto. Eschenlauter peke yake ndipo walipochekea namba. Alidhani milimani hewa ni nyepesi.

Sikukuu ya kanisa ilikuja na mvua nyepesi. Hulda alipika mia tatu na kitu. Wawili walioalika wapishi wengine kwa harusi zao walikuja kusalimia mara tatu tatu, na kila mara Hulda aliwauliza hali ya wapishi wale. Meta alibeba sahani, kwa sababu ukumbi ni wake na hakutaka kuonekana amenuna. Alikula madonge manne, akasema chumvi imezidi, akaenda kuchukua la tano.

Albin alikaa mwisho wa meza ndefu, akijaribu kuwa mdogo. Hulda alimletea sahani yake mwenyewe. Juu yake palikuwa na donge moja, linatoa mvuke, na juu ya donge, wazi kabisa, duara na thelathini na saba. Muhuri aliuazima asubuhi mzee alipokuwa kanisani. Pembeni ya sahani hakuweka uma mbili. Aliweka kisu.

Meza nzima iliacha kutafuna.

Albin alitazama kisu, akatazama donge, akamtazama Hulda. Kisha akakisukuma kisu hadi ukingoni mwa meza, akalishika donge kwa mikono miwili, likiwa moto vile vile, akalichana kwa vidole. Lilifunguka bila shida. Aliungua, machozi yakamtoka, lakini alikula lote, na mkate wa katikati akauacha mwisho.

"Je?" Hulda aliuliza.

"La kwangu lilikuwa zuri zaidi kwa sura," alisema Albin akipuliza vidole.

Hulda alichukua kisu, akakipangusa kwenye aproni, akaenda kukata nyama.